Kielelezo Kilichopakwa Wino

Koridoni mwa mahakama watu walijaa mpaka milangoni. Fundi cherehani alikuwa akijipenyeza na faili lake kifuani, mara akakutana uso kwa uso na mdaiwa wake. Miezi minane hampati hata kwa simu, leo huyo hapa, fundi friji, na lile shati la kijani alilomshonea kwa mikono yake mwenyewe!

"Umependeza," fundi friji akasema, macho chini.

"Sikujipamba kwa ajili yako."

Uongo mtupu. Gauni lile la zambarau alilishona siku tatu, makusudi, bwana aone alichokipoteza.

"Nisikilize basi, mpenzi. Mwenye nyumba aliifunga karakana, vifaa vyangu vyote vikabaki ndani. Ningekutazama kwa macho gani?"

"Ndiyo ukabadilisha namba? Dawa ya deni kulipa, bwana, si kujificha. Na usiniite mpenzi, shangazi yangu yuko nyuma."

Shangazi alikuwepo kweli, mkoba kwapani. Ndiye aliyemsukuma afungue kesi. Alichoambiwa ni kwamba mteja mmoja amekopa pesa alizokuwa akiweka miaka miwili anunue cherehani ya pili, kisha akatokomea. Mteja! Hakuambiwa kuwa mteja huyo alikuwa akibembeleza simuni kila jioni mpaka salio liishe.

Kesi yao ikaitwa. Mkataba haukuwapo, shahidi hakuwapo. Palikuwa na ujumbe mmoja tu ambao fundi friji alimwandikia siku ya mkopo. Fundi cherehani aliuchapisha kwenye karatasi, na nusu yake akaipaka wino mweusi tii. Hakimu, mama wa miwani mizito, akaiinua karatasi kwenye mwanga.

"Binti, kielelezo kimefutwafutwa hiki, siwezi kukipokea. Ujumbe wenyewe bado unao?"

"Ninao kwenye simu, mheshimiwa."

"Basi tusomee wote, kwa sauti."

Asiposoma, jasho la miaka miwili limekwenda na maji. Akisoma, shangazi atajua yote, na huyu mwanamume anaweza kusimama pale aseme simjui, namba si yangu. Hilo lilimuuma kuliko pesa.

"Tulizo la..." Alianza kusoma kwenye simu.

"Mheshimiwa, asisome!" Fundi friji alikuwa amesimama, kijasho chembamba kikimtoka. "Deni nalikiri, lote. Alinipa bila hata kuniandikisha, nami nikamkimbia kwa aibu. Huyu hana kosa, labda kunipenda."

Watu wakaguna. "Kumbe!" Shangazi alisema kwa sauti iliyomfikia karani.

Hakimu akaamuru deni lilipwe kwa miezi kumi, mkononi mwa mdai mwenyewe. "Mdai, umeridhika?"

"Nimeridhika, mheshimiwa. Ila asibadilishe namba tena."

Ukumbi mzima ukaangua kicheko, hakimu naye akajifanya anafuta miwani.

Nje, kwenye ngazi, fundi cherehani akamnyoshea ile karatasi. "Umenikataza kusoma. Haya, soma wewe. Hapa hapa, mbele ya shangazi."

Fundi friji akaitazama ile mistari myeusi, kisha akasoma bila kukwama hata mara moja, maana maneno alikuwa nayo kichwani. "Tulizo la moyo wangu, pesa nimezipata. Mwezi wa nne nitakurudishia. Mwezi wa tano nitakuja kwenu kukuposa."

Macho ya fundi cherehani yakajaa machozi. Kumbe hakusahau.

"Mwezi wa tano ulishapita," shangazi akasema. "Hilo nalo ni deni. Tukafungue kesi nyingine?"

"Hapana, shangazi, nalikiri kabla sijaitwa. Nitakuja Jumapili, kama mwenyewe atanipokea."

Fundi cherehani alimsogelea, akamfunga kifungo cha shati kilichokuwa wazi tangu asubuhi, akakipapasa kama ameridhika na kazi yake.

"Jumapili usije na hili, limepauka. Nitakushonea jipya."

"Sina pesa za shati, tulizo langu. Unajua ninadaiwa."

"Nitakukopesha."

"Kwa maandishi!" shangazi akadakia. "Safari hii kwa maandishi!"