Mchezaji wa Pili

Haya yalimpata Ipyana, kaka yangu wa tumbo moja, na mimi nilikuwa ndani ya nyumba ile yanatokea. Anayetaka kuamini aamini. Asiyeamini namwelewa, maana hata mimi zipo asubuhi naamka nikidhani niliota.

Ilikuwa Jumamosi ya kawaida kwetu Chapwa, hapa Tunduma. Malori yalikuwa kwenye foleni ya kwenda mpakani kama siku zote, na vumbi lilikuwa limelala kwa mvua ya alfajiri. Mimi nilikuwa barazani nashona, wifi yangu Dina anachambua maharage. Ipyana akarudi kutoka ng'ambo, Nakonde, na kifurushi kwapani.

"Wifi yako nimemletea kitu," aliniambia, huku anamwangalia mkewe.

Kilikuwa kimashine cha gemu, kidogo kama kisanduku cha sabuni, kimetengenezwa kwa umbo la zile mashine za zamani tulizokuwa tunachomeka kaseti na kuzipuliza vumbi zikigoma. Kilikuwa na pedi mbili za kuchezea. Mama wa Kizambia aliyemuuzia alikuwa amemhakikishia kwa heshima zote, "Kazuri, mukwai," yaani ni kizuri, bwana. Ndani mlikuwa na gemu chache tu za kiwandani. Lakini Ipyana ni fundi simu, na alishajua namna ya kukifungua na kukiongezea nyingine.

Alifanya yote yale kwa ajili ya Dina. Tangu mdogo wake wa kiume, Osea, afariki, Dina alikuwa ameacha kuongea kama zamani. Ukimsalimia anaitikia, ukimwuliza anajibu, basi. Walikulia kijiji cha Ruanda kule Mbozi, wawili tu kwa mama yao, na walipokuwa wadogo walikuwa wanakwenda kwa jirani mwenye televisheni kucheza gemu za kaseti mpaka waitwe kwa fimbo. Ipyana aliona akimrudishia gemu zile huenda akamrudishia na sauti.

Osea alikuwa amekwenda Kamsamba, bondeni, kulima mpunga kwenye mashamba ya mzee mmoja aitwaye Nathanaeli. Baada ya msimu mmoja simu ikaja: homa, amefariki. Mvua zilikuwa zimekata barabara. Tulipofika kule, kaburi lilikuwa limeshafukiwa. Mzee Nathanaeli alituambia kwa upole kwamba joto la bondeni halisubiri ndugu, akatukabidhi begi la marehemu. Hakuna hata mmoja wetu aliyemwona Osea usoni.

Kwenye begi lile kulikuwa na flashi. Ipyana alipoifungua dukani kwake alikuta Osea alikuwa amekusanya gemu zao za utotoni, karibu zote. Mchana ule akachomeka kimashine kwenye kompyuta kwa waya, akazichagua zote kwa pamoja, akazihamishia. Kazi ndogo kama kumjazia mtu nyimbo kwenye simu.

Alipomaliza akazipitia. Kila gemu lilikuwa na picha yake na jina lake. La mwisho halikuwa na picha wala jina. Kisanduku cheusi tu. Alijaribu kulifuta, kompyuta ikamwambia limefutika. Akafungua tena, akalikuta.

"Faili limeharibika," aliniambia jioni, bila wasiwasi. "Asiliguse tu."

Hakumwambia Dina.

Jumapili tulipotoka kanisani tulikula, tukakaa sebuleni. Dina alishika pedi. Alicheza moja, akacheza nyingine, na nilimsikia akicheka kwa mara ya kwanza baada ya miezi. Ipyana alinitazama kama mtu aliyetua mzigo. Kisha Dina akashuka mpaka kwenye kile kisanduku cheusi, akabonyeza kabla hatujasema neno.

Likaja shamba la mpunga. Maji ya kijani, matuta, ukuta wa matete pande zote, na kwa mbali nyumba isiyokuwa na mlango. Katikati ya maji, mtu mmoja mdogo ameinama, anapandikiza miche. Vilikuwa vidoadoa vya rangi tu, kama gemu zote za zamani. Anapanda mstari, anafika mwisho, anaanza mwingine. Hakukuwa na muziki. Ilisikika sauti ya maji tu.

Dina alibonyeza vitufe. Mtu yule hakumjali. Akaendelea kuinama.

"Kaka Ipyana," nikasema, "libadilishe."

"Subirini," Dina akanong'ona. "Tazameni mkono wake."

Nilitazama. Mkono wa kushoto haukunyooka. Ulibaki umekunjwa kwenye kiwiko, hata alipoutumbukiza majini. Osea alianguka kutoka juu ya mparachichi akiwa mtoto, na mkono wake wa kushoto haukunyooka tena mpaka kifo chake.

Dina alishikilia kitufe kimoja, cha pembeni. Mtu yule akaacha kupanda. Akasimama taratibu, akajishika kiuno. Kisha akageuka, akatutazama.

Uso ulikuwa vidoa vitano au sita vya kahawia. Lakini Dina alitoa sauti ambayo sitaki kuikumbuka.

Alipoachia kitufe, mtu akainama tena. Alipokishika, akasimama kupumzika. Tulilielewa gemu lile papo hapo, na hakukuwa na zaidi ya hapo. Ukishika, anapumzika. Ukiachia, anafanya kazi.

Ipyana akachomoa waya ukutani. Sauti ya maji ikakatika. Dina hakugomba. Alimwambia tu, kwa sauti ndogo, "Washa tena, baba. Nione."

Akawasha. Shamba lilikuwa vilevile. Lakini mgongoni kwa yule mtu kulikuwa na mistari myekundu ambayo haikuwepo. Na mbele ya ile nyumba isiyo na mlango alikuwa amesimama mtu mwingine, mrefu, mwenye kofia pana. Hakuwa na uso kabisa.

Kuanzia siku hiyo tulifungwa. Nyumba ilikuwa wazi, madirisha wazi, watu wanapita nje wanauza ndizi, na sisi watatu hatukuweza kutoka. Dina alikaa chini mbele ya televisheni, kidole kwenye kitufe. Alikula kwa mkono mmoja. Akisinzia, kidole kinalegea, maji yanaanza kusikika, anashtuka na kulia. Ikabidi tumpokee. Kaka akashika, mimi nikashika. Nilishona kwa mkono mmoja, nikashindwa, nikawarudishia watu vitambaa vyao. Ipyana alifunga duka.

Na kila tulipopokezana, katika ule muda mfupi wa kidole kutoka na kingine kuingia, yule mrefu alisogea. Hatua moja. Hakuwa anamwendea Osea. Alikuwa anakuja upande wetu.

Tulimwita mchungaji. Aliomba vizuri, kwa utulivu. Katikati ya maombi alifumbua macho, akatazama ile picha kwa muda, kisha akageuza kiti chake akakipa mgongo kioo. Alimalizia hivyo hivyo. Mlangoni aliniambia polepole, "Binti, yule kijana hakuzikwa."

Neno lenyewe hakulitaja, lakini sote tulilijua. Msukule. Mtu anayeonekana amekufa, watu wakalia, wakazika wanachodhani ni yeye, kumbe amechukuliwa kwenda kulima mashamba ya mwingine.

"Nitalifuta lote," Ipyana alisema. "Nakivunja kimashine, nakichoma moto."

Dina hakuondoa macho kwenye kioo. "Ukimfuta, atakwenda wapi?"

Ipyana aliurudisha mkono. Alikaa. Alizeeka hapo nilipokuwa namtazama.

Yule mrefu alipokuwa amekaribia kiasi kwamba kofia yake inagusa ukingo wa juu wa kioo, pembeni pakatokea maandishi. Yalikuwa ya Kiswahili. Gemu zile ni za Kijapani na Kiingereza. Sijawahi kuona hata moja yenye Kiswahili.

MCHEZAJI WA PILI, KARIBU.

Ipyana aliyasoma. Kisha akavuta mfuko, akatoa pedi ya pili.

"Usifanye hivyo," nikamwambia.

"Namtoa."

"Nani atakutoa wewe?" Dina akauliza. Alikuwa ananong'ona, kidole chake bado kiko kwenye kitufe.

"Ni gemu, Dina." Lakini sauti yake haikuwa ya mtu anayeongelea gemu. Akachomeka.

Shambani akatokea mtu wa pili, amevaa shati la bluu. Kaka yangu alikuwa amevaa shati la bluu. Alipobonyeza, mtu akatembea. Alimtii. Akavuka matuta, akapita majini, akafika kwa Osea, wakasimama bega kwa bega. Yule mrefu aligeuka. Sasa alikuwa anarudi, na hakwenda hatua moja moja tena.

"Usiachie," Ipyana akamwambia mkewe. "Hata kidogo."

Akamsukuma Osea kuelekea kwenye matete. Mara ya kwanza hawakupita. Akajaribu pengine. Yule mrefu alikuwa ameshaingia majini. Akajaribu tena, chini kabisa pembeni, matete yakafunguka, weupe ukaonekana. Osea akapita. Alisimama kidogo nje, mkono wake wa kushoto umekunjwa, kisha akatoka kwenye kioo, akatoweka.

Matete yakajifunga.

Ipyana alibonyeza. Mtu wa shati la bluu hakutembea. Akabonyeza vyote, akabonyeza kwa nguvu mpaka pedi ikalia. Yule mrefu akafika, akasimama nyuma yake. Akamwekea mkono begani.

Mtu wa shati la bluu akainama, akaanza kupanda.

Dina alikuwa bado ameshika kile kitufe cha kupumzisha, nami nikakirukia. Tulikishika wote wawili, vidole juu ya vidole. Hakikufanya kitu. Ipyana alikuwa amekaa pale pale kwenye kapeti kati yetu, mzima, anapumua, anatazama. Halafu kioo kikawa cheusi. Tulipowasha tena gemu zote zilikuwepo na picha zake na majina yake. Kile kisanduku cheusi hakikuwepo.

"Yameisha," kaka alisema. Alikuwa anajisugua kiuno.

Dina alilia siku ile kilio ambacho hakukilia msibani, kilio cha mtu aliyezika. Baadaye alilala, akaamka mwepesi. Aliniambia, "Wifi, Osea amepumzika. Nimejua tu." Naamini alisema kweli.

Lakini Ipyana akaanza kulala. Jua likizama tu, popote alipo, usingizi unamchukua kama mtu aliyepigwa. Humwamshi hata kwa maji. Asubuhi anaamka amechoka zaidi ya alivyolala, viganja vimechubuka, miguu imenyauka na kuwa myeupe kama ya mtu aliyeshinda majini. Kati ya vidole kuna tope. Dina alimfunga mguu kwa khanga kwenye chaga ya kitanda. Asubuhi fundo lilikuwa pale pale, halijaguswa, na tope lilikuwa juu ya khanga.

Tulimwuliza anaota nini. Alisema haoti. Alisema anasikia maji tu, na haruhusiwi kugeuka nyuma.

Dina hakukubali kukaa. Alimchukua baba yake mdogo, wakaenda Kamsamba kumkabili Mzee Nathanaeli. Aliwapokea vizuri, akawapa viti na maji ya kunywa. Mpunga wake ulikuwa kijani mpaka macho yanapoishia, na shambani hapakuwa na mtu hata mmoja. Dina alimwambia, "Mzee, nimekuja kumwomba mume wangu."

"Mume wako yuko kwako, mwanangu," mzee akajibu. "Sijawahi kumwita mtu. Huwa wanakuja wenyewe."

Akavaa kofia yake pana, akawasindikiza mpaka njiani. Walipoagana alimshika Dina mkono kwa mikono miwili, kwa adabu, akamwuliza kiuno cha mume kinaendeleaje. Dina hakuwa amemwambia mtu yeyote bondeni kule habari ya kiuno.

Tumemhamishia Ipyana kwa mama yetu, Mbozi, kwenye baridi na kahawa. Tulifikiri umbali utasaidia. Hajawa mwendawazimu, hajawa bubu. Mchana ukija atakusalimia, atakutengenezea simu yako akiwa na nguvu, atamtania mama. Jua likielekea kushuka anaanza kukunja mikono ya shati, mwenyewe, bila kuambiwa, na Dina anatoka nje ili asimwone. Watu wa maombi wamekuja, waganga wamekuja, wameondoka. Mmoja wao alisema njia ya kumtoa ipo, ila lazima mtu aingie.

Dina aliniuliza juzi ile pedi ya pili iko wapi. Nilimwambia niliitupa. Sikuitupa; nimeificha ndani ya begi ninalotembea nalo, kwa sababu naogopa kuivunja.

Wiki iliyopita nilikwenda kuwasalimia, nikalala chumba cha pili. Kulipopambazuka mama aliniita, sauti ya chini. Alikuwa amesimama kwenye korido na ndoo ya maji ya moto ya kumwosha kaka miguu. Udongo wetu Mbozi ni mwekundu. Sakafuni kulikuwa na nyayo za tope jeusi, mbichi, kutoka mlango wa nje mpaka kitandani kwa Ipyana. Mlango ulikuwa umefungwa komeo kwa ndani.

"Zihesabu," mama akanong'ona.

Zilizokuja kitandani zilikuwa za watu wawili, mmoja miguu mikubwa, wanatembea sambamba kama mtu anayemsindikiza mgonjwa. Zilizorudi zilikuwa za yule mwenye miguu mikubwa, peke yake. Hazikwenda mlangoni. Zilikwenda mpaka mbele ya chumba nilicholala mimi, zikasimama hapo, vidole vimeelekea ndani, na hazikuendelea popote.