Supu ya Luteni Zvantsev

Haya yalimpata Yefrem, mpishi wa meli ya kivita pale Kronstadt, bandari ya Urusi. Mimi ndiye niliyekuwa nikimfulia mashati, kwa hiyo msiniambie nimeota.

Kila adhuhuri Yefrem alimpelekea ofisa wake, Luteni Zvantsev, bakuli la supu ya kabichi aionje kabla mabaharia hawajala. Yalipokuja mapinduzi, mabaharia wakaanza kuwaua maofisa, na Luteni akajificha katika ghala la viazi humo melini. Mabaharia walipomuuliza Yefrem alikojificha, akanyoosha upawa kuelekea ghalani.

"Kumbe ni wewe, Yefrem," Luteni alisema tu. Wakamsukumiza baharini, chini ya barafu.

Siku chache baadaye, kwa mazoea, Yefrem akapakua bakuli la kuonjwa.

"Unampelekea nani, mzee?" mabaharia wakamcheka. "Mabwana wameisha, sasa kila mtu ajionjee!"

Akaona haya, akalificha bakuli ghalani na kurudishia mlango. Taa zilikuwa zimezimika, kwa kuwa makaa yaliyobaki yalitosha jiko tu. Akiwa bado nje ya mlango, akasikia humo gizani maji yakidondoka, kisha kijiko kikikwaruza bakuli mara moja.

Alipofungua, hapakuwa na mtu. Supu iliyotoka motoni sasa hivi ilikuwa imeganda barafu, na katikati yake pamechotwa kijiko kimoja.