Dakika ya Kimya

Jumamosi asubuhi soko la Alameda, jijini Cali, hupiga kelele kama kanga wanaofukuzwa. Duván Mosquera alisimama katikati ya wauza samaki, hedifoni masikioni, fimbo ya maiki mkononi, akinasa kelele zile kwa ajili ya filamu ya wanachuo wenzake. Mara kijana mwenye shati la njano na bangili za shanga akapita na mkungu wa ndizi begani, akiimba kama soko lote ni bafu lake.

"We bwana! Umeniharibia sauti."

"Mimi? Hiyo ndiyo sauti yenyewe uliyokuja kuitafuta."

"Itabidi niifute."

"Thubutu! Ukiifuta utaniota."

Hakuifuta, na kumuota alimuota vilevile. Wiki haikuisha, kijana yule, Elkin, mwanafunzi wa uimbaji wa miaka ishirini na miwili, akawa mwimbaji mkuu wa filamu yao. Ilikuwa hadithi ya vijana wawili wa kiume wanaopendana chuoni, nusu maneno, nusu nyimbo, na Yuliana, mwongozaji, aliipiga kwa kamera ya kuazima. Kila asubuhi Duván ndiye aliyembandika Elkin maiki ndogo chini ya ukosi. Vidole vikazoea, kisha moyo nao ukadai haki yake.

"Kitendawili," Duván alimwambia siku moja, wakigawana mkate wa jibini.

"Tega."

"Ninacho kinywani mwaka mzima, sikimezi wala sikitemi."

"Pipi!"

"Pipi huyeyuka, mpenzi."

"Basi nakupa mji. Chukua Cali yote."

"Siutaki. Hiki utakijibu mwenyewe."

Elkin alicheka, lakini alitazama nyuma kwanza kuona kama kuna mtu. Ndivyo walivyoishi: mbele ya kamera mapenzi yaliimbwa kwa sauti ya juu, nyuma yake walinong'ona. Mama yake Elkin, Doña Nubia, alikuwa mjane aliyeshona majoho ya kwaya ya kanisa, na alijua tu kwamba mwanawe anaimba nyimbo za chuo. Akijua zaidi, Elkin aliogopa, nyumba itamfungia mlango.

Mwezi wa pili wa kupiga filamu, wakati wa mapumziko, Elkin aliingia chumba cha kuvalia akapiga simu, akasahau kwamba maiki i shingoni. Duván naye alikuwa na hedifoni masikioni. Alisikia upande mmoja tu wa maneno, ukatosha.

"Yupi, mama? Huyo niliyepiga naye picha? Aah, huyo ni wa waya tu, anayenibandika maiki. Hata jina lake silijui vizuri."

Duván akavua hedifoni kama zimemuunguza. Akatoka, hakuzima hata mashine ya kunasia.

Jioni simu ikalia.

"Mpenzi, mbona umeondoka bila kuaga?"

"Mimi si wa waya tu? Waya nimekuachia."

"Ulinisikiliza?"

"Hukuzima maiki."

"Na wewe hukuvua hedifoni! Maneno ya mtu na mama yake, Duván!"

"Kumbe jina langu unalijua."

Akakata.

Siku tisa hawakusemeshana. Yuliana alimpa kazi ya sauti mtu mwingine, Duván akabaki nyumbani kuchambua zilizokwisha kunaswa. Siku ya tisa akaifikia ile iliyomuuma. Kidole kilikuwa tayari kuiruka, lakini mashine ikaendelea, kama ilivyoendelea siku ile baada ya yeye kutoka. Simu ilikwisha. Kukawa na pumzi. Kisha sauti ya Elkin, peke yake chumbani:

"Mama, anaitwa Duván." Kimya. "Mama, kuna mtu, jina lake..." Kimya. "Mama."

Alijaribu mara saba. Ya nane ilikuwa kilio cha mtu aliyejiziba mdomo kwa shati, na kitambaa kikakwaruza maiki mpaka mwisho.

Siku ya mwisho ya kupiga picha Duván alirudi. Ukumbi ulinukia supu ya kuku: Doña Nubia alikuwa amekuja na chungu cha sancocho na mashati meupe aliyowashonea vijana kwa wimbo wa mwisho. Duván akabandika maiki chini ya ukosi ule mpya.

"Leo utaizima?" Elkin aliuliza, hakumtazama.

"Siku ile niliiacha ikiendelea. Nimeyasikia na yaliyobaki."

Elkin akaenda kusimama mbele ya kamera. Wimbo ukaanza. Alipomshika mkono mwigizaji mwenziwe na kumwimbia usoni, Doña Nubia aliacha kukoroga supu.

"Dakika ya kimya!" Yuliana akaita.

Hiyo ndiyo desturi yao. Kila ukumbi una kimya chake, na mtu wa sauti hukinasa ili maneno yakiunganishwa yasibaki na mashimo. Dakika nzima hakuna kukohoa wala kujikuna. Wote wakaganda. Duván akafumba macho.

"Mama."

Yuliana aligeuka kwa hasira. Duván akainua mkono: mwache.

"Mama, yule wa waya anaitwa Duván. Nilikudanganya. Nampenda."

Doña Nubia aliliokota shati lililobaki, akalikunja polepole, mkono juu ya mkono, akaliweka kitini. Akachukua mkoba wake. Mlangoni alisimama, mgongo kwao.

"Supu itapoa," alisema. Hakuna aliyejua anamwambia nani. Akaenda zake, na chungu akakiacha.

Elkin alisimama na shati lake jeupe, macho mlangoni. Duván akamwendea.

"Kitendawili chako," Elkin alisema. "Nimekitema. Kinauma."

"Najua."

"Na nimekuharibia sauti tena."

Duván akamfungua maiki ukosini, safari hii akaizima mwenyewe.

"Hii," alisema, "hata aniambie nani, siifuti."