Mahindi Kumi na Nne ya Benki

“…imeisha, bana! Imeisha kabisa! Kaeni chini niwaambie. Hapana, vitabu baadaye. Leo Mwalimu amekuja na habari, na nisipoisema nitapasuka!”

Hivyo ndivyo niliingia darasani leo. Wanafunzi wangu ni watu wazima, wanajifunza kusoma na kuandika. Tunakutana kila siku saa nane, nyuma ya soko hapa Bungoma. Mzee Absalom alifunga daftari yake. Hesbon, yule wa bodaboda, akacheka.

“Mwalimu Tabby, nini imeisha? Sukari?”

“Deni, Hesbon! Deni ya nyumba yetu ya Kitale! Mama amenipigia simu asubuhi akitoka benki. Miaka minne na miezi saba, na leo Julai 2009 imeisha.”

Basi wakataka kujua yote. Nikawaambia, na wewe nakuambia vilevile.

Mwaka wa 2004 nilikuwa chuo cha ualimu, mwaka wa kwanza. Sisi tulikuwa tunapanga nyumba Kitale, vyumba viwili kwa ploti moja kubwa. Baba yangu, Kiragu, ni fundi wa magari. Mama yangu, Waruguru, anauza nguo sokoni. Pia ni mweka hazina wa chama cha akina mama, na hesabu yake haijawahi kupotea hata shilingi. Hiyo kumbuka.

Mama alikuwa amechoka na kupanga. Choo moja, familia saba. Ukianika nguo, mtu anakuambia toa zako aweke zake.

Desemba nikarudi nyumbani. Kabla sijaweka begi chini, Mama akanishika mkono.

“Tabby, tumepata nyumba! Vyumba vitatu, sakafu inang'aa, madirisha makubwa hivi!” Akapanua mikono mpaka akagonga kabati. “Benki inatupa mkopo, ile wanaita mogeji. Jumatatu tunaweka sahihi.”

Alikuwa ameshashona mapazia. Kabla ya nyumba, mapazia! Ya manjano, na marefu kama ya kanisa.

“Ni pesa ngapi, Mama?”

“Milioni moja na nusu. Sisi tunatoa laki tatu, benki inaongeza milioni moja na laki mbili. Halafu tunalipa elfu kumi na tano kila mwezi. Baba yako amesema tutaweza.”

“Na hiyo laki tatu inatoka wapi?”

Mama akaanza kukunja pazia. Alikunja, akakunjua, akakunja tena.

“Cucu amekubali tuuze shamba ya Kachibora.”

Cucu ni mama ya Baba. Mimi nimepewa jina lake. Ile shamba ni ekari mbili tu. Yeye na marehemu guka, bwana yake, walinunua kwa kulima vibarua miaka mingi. Mahindi yote tunakula inatoka hapo. Hata karo yangu ya chuo ilitoka hapo.

“Cucu atakaa wapi?”

“Na sisi. Kwa nyumba kubwa. Atakuwa na chumba yake.”

Unajua nilisema nini? Mimi msichana wa chuo, na biro mfukoni? Nilisema, “Wow, Mama!” Basi. Sikuuliza kitu ingine.

Jumamosi tukaenda Kachibora kupukuchua mahindi. Mnunuzi wa shamba alikuwa anakuja siku hiyo jioni na pesa ya mwanzo. Tulienda na jirani yetu, Auntie Nakhungu. Yeye ni mtu wa hapa Bungoma. Wakati huo alikuwa karani wa mikopo kwa sacco moja, chama cha akiba na mikopo, hapa mjini. Alikuwa anarudi Kitale kwa bwana yake kila Ijumaa. Alitaka tu kununua gunia moja ya mahindi.

Akafika kwa Cucu na sauti yake kubwa. “Habali ya hapa?”

“Nzuli!” Baba akamjibu, akiiga matamshi yake.

“Kiragu, utanichokoza mpaka lini? Shemeji mbaya wewe!”

Tukacheka. Tukakaa kwa turubai, tukaanza kupukuchua. Cucu alikuwa anachochea moto, chai inachemka. Kila saa alikuwa anaangalia shamba, halafu anaangalia sufuria.

Auntie Nakhungu akamwona. Akauliza polepole, “Mama Tabby, kwani kuna nini?”

Mama akamwambia yote, na furaha. Akamaliza hivi:

“Na tutamaliza haraka. Nimepiga hesabu mwenyewe. Riba ni asilimia kumi na nne. Ya milioni moja na laki mbili, hiyo ni laki moja na elfu sitini na nane. Nikajumlisha na deni. Nikagawa kwa elfu kumi na tano. Miaka saba na nusu, kwisha! Benki wameandika miaka ishirini, lakini hiyo wametupea nafasi tu.”

Auntie Nakhungu akaacha kupukuchua.

“Mama Tabby. Kwa chama chenu, mtu akikopa elfu moja, anarudisha ngapi?”

“Elfu moja mia moja.”

“Riba mnahesabu mara ngapi?”

“Si mara moja! Akichelewa tunamfuata na kelele mpaka kwake.”

“Benki haina kelele, dada yangu. Benki ina riba ya kila mwezi.”

“Kila mwezi namna gani?”

“Hiyo asilimia kumi na nne ni ya mwaka mmoja. Mwaka ukiisha, inakuja ingine. Miaka ishirini yote, bora tu deni iko. Na wanaigawa kwa miezi. Kila mwezi wanaangalia deni imebaki ngapi, wanahesabu riba ya hiyo.”

Baba akasema, “Nakhungu, mimi ni mtu wa spana. Nionyeshe.”

Auntie akaangalia pande zote. Akachukua mahindi kumi na tano kwa rundo, akayapanga mbele ya Mama, moja moja.

“Hii ni elfu kumi na tano yenu ya mwezi wa kwanza. Kila hindi ni elfu moja. Sawa?”

“Sawa.”

“Riba ya mwaka ni laki moja na elfu sitini na nane. Wewe mwenyewe umesema. Tabby, gawa kwa kumi na mbili.”

Nikaandika kwa mchanga na kijiti. “Elfu kumi na nne.”

“Basi.” Akavuta gunia tupu. “Hii ni gunia ya riba.” Akatupa hindi ya kwanza ndani. Akatupa ya pili, ya tatu. Akaendelea. Tulikuwa tunahesabu pamoja, kwanza kwa sauti, halafu sauti ikaanza kupungua. Kumi na mbili. Kumi na tatu. Kumi na nne.

Kwa turubai ikabaki hindi moja.

“Hii ndiyo inapunguza deni,” Auntie akasema. Akaigeuza. Upande moja panya alikuwa amekula. “Na hata hii haijajaa. Ni mia tisa na kitu.”

Kuku alikuja kuiba, hata hakufukuzwa.

“Ngoja,” Baba akasema. “Tunalipa mwaka mzima. Hiyo ni laki moja na elfu themanini. Deni inapungua ngapi?”

“Kama elfu kumi na mbili.”

“Elfu kumi na mbili!”

“Mwaka wa kwanza, ndiyo. Inaenda ikiongezeka pole pole. Ndiyo maana inachukua hiyo miaka ishirini yote. Hawakuwapa nafasi. Wamewapa hesabu.”

Mama akanigeukia. “Tabby. Miaka ishirini ni miezi ngapi?”

“Mia mbili arobaini.”

“Mara elfu kumi na tano.”

Niliandika. Nikafuta, nikaandika tena, kwa sababu sikuamini sifuri zangu.

“Milioni tatu na laki sita, Mama. Pengine ipungue kidogo tu.”

“Sema tena.”

“Tatu na laki sita. Na laki tatu ya Cucu haiko ndani. Hiyo ni kando.”

“Na wakili ako kando,” Auntie akaongeza, “na mtu wa kupima bei ya nyumba, na stempu za serikali, na bima. Na hiyo kumi na nne haijafungwa na kamba. Riba ikipanda, na nyinyi mnapanda nayo.”

Mama alikaa juu ya gunia. Mama yangu, ambaye hesabu yake haijawahi kupotea! Akashika kichwa.

“Nimekuwa mjinga.”

“Si ujinga,” Auntie akamwambia. Akakaa karibu naye. “Ulitumia hesabu ya chama. Kwa chama iko sawa kabisa. Kwa benki ni hesabu ingine. Na mkopo si kitu mbaya, mimi ndiyo kazi yangu. Lakini nyumba usiulize tu bei ya mwezi. Uliza, mpaka nimalize, yote pamoja nitakuwa nimelipa ngapi?”

Hapo ndipo Cucu aliongea. Alikuwa anamwaga chai.

“Sasa shamba yangu ingeuzwa, halafu hayo mahindi ya kutupa kwa gunia mngetoa wapi?”

Baba alianza kucheka. Akacheka mpaka machozi. Halafu nikaona si kucheka tena. Akasimama, akaenda mpaka barabarani kumngoja yule mnunuzi. Aliporudi, akasema tu, “Nimemwambia pole. Shamba ya mamangu haiuzwi.”

Cucu akampa kikombe ya kwanza, yenye maziwa mingi.

Jumatatu tulienda benki, lakini si kuweka sahihi. Mama alibeba daftari ya chama. Alikuwa ameandika maswali. Akamwuliza yule kijana wa mikopo, moja baada ya ingine, kama polisi. Yote pamoja ni ngapi? Riba inaweza kupanda? Ada zingine ni gani, na za nani? Nikitaka kumaliza mapema, mtanitoza faini?

Kijana akapiga hesabu kwa kompyuta, akatoa karatasi. Hesabu ilikuwa sawa na ile ya mchangani.

“Mama, hii yote iko kwa fomu yenu, ukurasa wa nne,” akasema. “Watu wengi hawafiki huko.”

Kumaliza mapema hakukuwa na faini. Mama akafikiria. “Na nikikopa nusu? Laki sita. Nilipe hiyo hiyo elfu kumi na tano.”

“Utamaliza kwa miezi hamsini na tano.”

“Kijana. Deni ni nusu. Miaka si iwe nusu? Si ni kumi?”

“Hapana, Mama. Ni minne na miezi saba. Yote pamoja kama laki nane na elfu kumi na tano.”

Mama akaniangalia. Mimi nikaelewa saa hiyo hiyo, nikaruka kwa kiti!

“Mama, mahindi! Riba ya laki sita kwa mwezi ni elfu saba. Saba zinaenda kwa gunia. Nane zinabaki zetu!”

Kijana wa benki hakujua mahindi imeingia wapi. Akatuangalia tu.

Ile nyumba kubwa tuliiacha. Siwezi kusema uongo, Mama alilia, hasa kwa sababu ya madirisha. Tulitafuta, na kabla Desemba haijaisha tukapata ndogo, laki saba, pembeni mwa mji. Vyumba viwili, mabati yenye kutu, lakini ploti ina nafasi ya kuongeza. Mama na Baba walikuwa na akiba yao, laki moja na elfu sitini. Laki moja ikaenda kwa nyumba. Ingine ikaenda kwa wakili, stempu na hizo ada zote. Shamba haikuguswa.

Na mapazia? Bado yananing'inia mpaka leo! Dirisha ni ndogo, pazia ni refu, linafagia sakafu. Baba hujikwaa kila asubuhi. “Waruguru, kata hii kitu!” Mama hakati. Anasema nyumba ndiyo itakua ifikie pazia.

Halafu mwanzo wa 2008 ukafika, na zile fujo za baada ya uchaguzi, nyinyi wote mnajua vile ilikuwa. Gereji ya Baba ilifungwa miezi mitatu. Hakuna gari, hakuna pesa. Benki ilikuwa inangoja elfu kumi na tano yake kama kawaida. Cucu akauza mahindi ya Kachibora. Alileta pesa imefungwa kwa kitambaa, akaiweka mezani.

“Nimeleta ya benki na yenu,” akasema. “Saba na nane.”

Miezi mitatu hiyo, shamba ndiyo ililipa. Fikiria kama tungekuwa tumeiuza.

Nilipofika hapo, darasa lilikuwa limesogeza viti karibu. Hesbon akakuna kichwa.

“Mwalimu, kuna mtu anataka kunipa pikipiki ya kulipia pole pole. Ameniambia tu bei ya siku.”

“Na utamwuliza nini?”

“Mpaka nimalize, yote pamoja ni ngapi.”

“Ahaa! Andika hiyo kwa daftari.”

Mzee Absalom akainua mkono. “Lakini Mwalimu, benki imewaandikia? Isije ikawa ni mdomo tu.”

Nikamjibu, barua iko! Mama amepewa leo. Iko kwa bahasha, na hakuna mtu ameifungua, kwa sababu Cucu amekataza. Wakati tulipokuwa tunapanga kuuza shamba, Cucu alikuwa anaweka kidole gumba kwa karatasi ambazo hajui zinasema nini. Tangu siku ya mahindi alisema hiyo haitarudi. Aliingia darasa kama hili letu, huko Kachibora, na mwaka huu anasoma gazeti akifuata na kidole. Sasa ako njiani anaenda Kitale, na miwani mpya. Anataka kuisoma yeye mwenyewe, kwa sauti, mbele ya Baba.

Mama ataniflashi wakianza, simu ilie mara moja akate, mimi nitapiga. Nimeweka kredo ya simu ya shilingi hamsini kwa hiyo kazi. Mama atashika simu karibu na mdomo wa Cucu, na mimi nitanyamaza, nikiweza.

Barua ni mistari tisa, Mama amechungulia kwa mwangaza. Kesho saa nane njooni mapema, niwaambie kama Cucu alifika mstari wa tisa, na Baba alilia kwa mstari wa ngapi.