Lebo ya Babu

Kila Jumamosi asubuhi, wenzangu wakiwa bado wanagaragara kitandani, mimi nilikuwa nimeshafika kazini. Si kazi yangu, ni ya shangazi, dada yake baba, anayetunza chumba cha wadudu katika kituo cha utafiti wa misitu. Chumba hicho kina makabati ya chuma, na makabati yamejaa masanduku bapa yenye vifuniko vya kioo. Ndani ya masanduku kuna wadudu wakavu, safu kwa safu, kila mmoja na pini yake. Nilikuwa nafuta vumbi kwenye vioo na kubadilisha vidonge vyenye harufu kali vya kufukuzia wadudu. Ndiyo, katika chumba cha wadudu tulikuwa tunafukuza wadudu. Walio hai huwala waliokufa, na shangazi hakuwa na mzaha na jambo hilo.

Chini ya kila mdudu, kwenye pini hiyo hiyo, kuna vikaratasi vidogo. Kimoja kinaeleza alipatikana wapi, kwenye mti gani, siku gani na nani aliyempata. Kingine kina jina lake la kisayansi. Kanuni ya kwanza niliyofundishwa ni kwamba lebo haitolewi, hata kama imefifia au imeandikwa kwa mwandiko kama kuku alichakura. Mdudu asiye na lebo, shangazi alisema, ni takataka tu.

Sanduku nililolipenda lilikuwa la kumi na nne. Humo alikuwamo mbawakawa mmoja mwenye kibyongo, mdogo kuliko punje ya uwele, amegandishwa kwa gundi kwenye kikadi, na pini ikachomwa kwenye kikadi kwa sababu yeye ingempasua. Aliitwa kwa jina la babu yangu. Babu alikuwa mpasua mbao, na miaka arobaini iliyopita alimkuta mdudu huyo ndani ya gogo. Mtaalamu mmoja mgeni akamwangalia kwa hadubini, akatangaza kwamba ni aina mpya, akachukua jina la babu, akaliongezea mkia wa Kilatini. Barua yake ilikuwa kwenye fremu ukutani kwa babu, juu ya redio. Babu aliishia darasa la nne, lakini jina lake lilikuwa vitabuni.

Shuleni niliwaeleza watu wote. Niliwaeleza mara nyingi mno, ndiyo maana wakaniita Dumuzi, kama yule mdudu anayetoboa mahindi. Sikujali. Mwalimu wa sayansi alinichagua nimzungumzie mbawakawa wa babu kwenye maonyesho ya shule, mbele ya wazazi wote. Sijui kuimba, na mpira nikiupiga unarudi nyuma. Mbawakawa huyo ndiye peke yake aliyekuwa amenifanya mtu.

Basi fikiria nilivyojisikia Jumamosi ile shangazi aliponiambia kwamba jina la babu litafutwa.

Hakuniambia kwa hasira, ingawa wiki kadhaa alikuwa mkali kama pilipili. Alinikalisha kwenye stuli akanieleza. Mbawakawa hawa ni wakulima. Jike hutoboa mti, huchimba vijia ndani yake na kupanda kuvu humo, na watoto wake hula hiyo kuvu. Majike ni wengi, wanaruka, na walishapewa jina zamani, kabla babu hajaanza hata kushika msumeno. Dume ni mdogo, ana kibyongo, hawezi kuruka, na kwa kawaida hatoki nje ya mti. Sasa vipimo vya vinasaba vya wadudu wapya vinaonyesha kwamba yule wa babu si aina nyingine. Ni dume wa mbawakawa wale wale wa zamani.

"Kwa hiyo jina liende kwa babu, si ndiye alimpata dume?" nikauliza.

"Jina lililotangulia ndilo linabaki. Ndiyo kanuni ya dunia nzima."

Nikamwambia kanuni hiyo ni ya kipumbavu. Nilidhani atanigombeza, lakini nikaona kwamba hata yeye ilikuwa inamuuma. Babu alikuwa baba yake. Akaongeza kwamba bado hajawa na hakika. Jina la mdudu limefungwa kwa yule wa kwanza aliyetumika kulitoa, na huyo, yule wa sanduku la kumi na nne, alikuwa mzee na mkavu. Hangeweza kumsaga ili ampime. Ila zamani kulikuwa na kipande cha gogo lenyewe, alilolikata babu. Kingepatikana, kingeonyesha dume huyo alikaa na nani, na ubishi ungeisha. Ameshakitafuta makabati yote.

Nilinuna mpaka mdomo ukaniuma. Nikaenda kusafisha droo za chini kabisa, zile ambazo hakuna mtu anayezigusa, na nilikuwa nazifungua na kuzifunga kwa vishindo makusudi. Droo ya mwisho ilikwama. Nikaivuta kwa nguvu, na nyuma ya rundo la bahasha kuukuu nikaona kipande cha mti kinachojaa kiganjani, kimefungwa uzi. Kilikatwa vizuri sana, pande zote laini. Kwenye uzi kulikuwa na karatasi yenye mwandiko wa penseli niliojua papo hapo, kwa sababu ndio uliokuwa unaandika jina langu kwenye madaftari yangu kila mwaka.

"Dume mmoja na majike kumi na mmoja. Shimo moja. Hawa ni nyumba moja."

Chini yake kulikuwa na jina la mti, tarehe, na jina la babu.

Shangazi alikuwa ameinamia hadubini, amenipa mgongo. Nikakitia kile kipande kwenye begi, katikati ya sweta, nikaendelea kufuta vumbi. Nilijiambia siibi. Namlinda babu.

Wiki iliyofuata ilikuwa mbaya. Nyumbani kipande kilikuwa ndani ya kopo chini ya kitanda changu, na kila mama alipochukua ufagio nilipata homa. Shangazi alipita jioni mbili, amechoka, akilalamika kwa baba kwamba mkubwa wake kazini anamwambia hawezi kubadilisha jina kwa kuhisi tu. Baba akaniuliza mbona siku hizi nimekuwa bubu. Nikasema kichwa kinaniuma. Njia ya mwongo ni fupi, lakini yangu niliiona ndefu na haina hata kivuli.

Jumamosi iliyofuata mlango wa chumba cha wadudu ulifunguliwa bila hodi. Aliingia mwanamke tuliyemzoea kwa jina la Mama Parachichi, mwenye shamba la miti mia mbili nje kidogo ya mji. Alikuwa na tawi mkononi. Akalitupa juu ya meza, na unga mweupe wa mti ukamwagika kutoka kwenye vitundu vidogo, vingi kama vimetobolewa kwa sindano.

"Dada, mwaka jana nilikuletea mdudu kwenye chupa. Yule mwenye kibyongo. Nikakuuliza, magogo yaliyo kando ya shamba langu niyachome? Ulinijibu nini?"

Shangazi alijibu polepole kwamba alimwambia kitabu kinasema mdudu huyo anaishi kwenye magogo makavu tu, hagusi mti ulio hai.

"Basi njoo uone. Miti thelathini na saba imekauka. Kitabu chako kimekuja kula matunda yangu?"

Shangazi hakujitetea. Alikiri kwamba ana shaka kubwa kitabu kimekosea, kwamba yule wa kibyongo ni mume wa hao wanaotoboa miti yake, na kwamba tangazo kwa wakulima wote limekwama kwa sababu ushahidi wa mwisho haupatikani. Yeye Mama Parachichi achome magogo leo leo. Wengine bado wanaendelea kusoma kitabu kile kile. Mama Parachichi akauliza wengine ni wangapi. Shangazi akasema hajui, labda mamia.

Nilikuwa nimeshika kidonge cha kufukuzia wadudu, nikakidondosha, kikavunjika. Hakuna aliyeniangalia. Afadhali wangeniangalia. Nilikuwa nimeona jina la babu kama pambo la ukutani, kumbe lilikuwa linawadanganya watu mashambani. Na mimi nilikuwa nimelikalia.

Sikuwa na ujasiri wa kumwambia shangazi. Nilichomoka, nikapita nyumbani nikachukua kopo, nikaenda mbio hadi kwa babu. Nilikuwa na mpango wangu: babu angefurahi kwanza kwamba nilipigania jina lake, halafu angenisaidia kutafuta maneno ya kumtuliza shangazi.

Babu alikuwa uani, ananoa patasi. Nikamwamkia, akaitikia bila kuinua macho. Nikamwekea kipande mapajani. Akapitisha kidole gumba juu ya ule upande laini, kwa ule mkono wake wenye vidole vitatu, viwili msumeno ulishavila zamani.

"Umekitoa wapi?"

Nikamwambia kila kitu, mpaka miti thelathini na saba. Nikamalizia kwa kusema nilikificha kwa ajili yake.

"Kwa ajili yangu?" Sauti yake ilikuwa chini, na hiyo ndiyo mbaya zaidi. "Niliwahesabu kwenye ufa wa gogo, kisha nikakaa saa nzima nakikata hiki bila kulipasua shimo. Unadhani nilikikata ili kikae chini ya kitanda chako?"

Nikaanza kulia. Hakunibembeleza. Alinoa patasi kidogo, akaiweka chini, ndipo akasema jambo ambalo sikulitegemea.

"Hata mimi nina kosa. Yule mtaalamu nilimwambia. Nilimwonyesha shimo, nikamwambia hawa ni mume na wake zake, wamekaa nyumba moja. Akacheka, akasema huyo mdogo aliingia kwa bahati tu. Yeye alikuwa na hadubini, mimi nina msumeno. Kisha barua ikaja, ina jina langu. Ilikuwa tamu, mjukuu wangu. Nikaitundika ukutani nikafunga mdomo miaka arobaini."

"Lakini babu, wakilifuta hutakuwa na kitu."

"Jina nilipewa," akasema. "Lebo niliiandika mwenyewe. Vaa viatu twende."

Tulitembea hadi kituoni, yeye mbele, mimi nyuma na kopo langu kama mwizi aliyekamatwa na kuku mkononi. Shangazi alipokiona kile kipande alikaa kwenye stuli. Aliisoma lebo mara mbili. Kisha akanitazama, na nikatamani sakafu inimeze. Hakunipiga wala hakupiga kelele. Alisema tu kwamba wiki nzima alikuwa anajiona mzembe aliyepoteza mali ya kituo, kumbe jioni zote mbili alizopita kwetu alikuwa ananiaga na kunishika kichwa.

Adhabu ilikuja baadaye: mwezi mzima bila kukanyaga chumba cha wadudu, na Jumamosi zote nne shambani kwa Mama Parachichi. Nilimwomba radhi, akanijibu kwamba radhi haibebi magogo. Kwa hiyo niliyabeba. Mikono ilinitoka malengelenge, na kila gogo nililolisogeza karibu na moto lilinipa sababu mpya ya kujikasirikia.

Kipande kilipasuliwa mbele ya mkubwa wa shangazi. Majike walikuwamo ndani, wakavu lakini wazima, kumi na mmoja kamili kama ilivyoandikwa. Tangazo likatoka kwa wakulima wote wiki ile ile. Kwenye maonyesho ya shule nilisimama hata hivyo. Niliwaambia wazazi kwamba aina ya mbawakawa yenye jina la babu yangu haipo tena, na nikawaeleza kwa nini, na sehemu ya kopo sikuiruka. Wenzangu walicheka. Bado wananiita Dumuzi.

Niliporuhusiwa kurudi chumbani, babu alikuwa amekuja na sisi, amevaa shati la kwendea mjini. Shangazi akafungua sanduku la kumi na nne. Nilijiandaa kufumba macho nisione karatasi yenye jina la babu ikinyofolewa. Lakini alichukua kikaratasi kipya chenye lile jina la zamani, akakichomeka kwenye pini chini ya vingine. Hakutoa hata kimoja.

"Kosa halifichwi wala halitupwi," akasema, akinitazama mimi. "Unaliacha pale pale lilipo, unaandika ukweli chini yake, unatia tarehe. Anayekuja baadaye aone vyote viwili."

Babu aliinama, akakodoa macho kwenye kioo. Hakuangalia jina jipya wala la zamani. Aliniomba nimsomee kile kikaratasi cha juu kabisa, cha mti, siku na aliyempata, kwa kuwa miwani ameisahau. Nikamsomea, hadi jina lake.

"Hiyo iko sawa," akasema.