Njugu katika Vitabu vya Mzee Msellem

Kila asubuhi, kabla ya kengele ya skuli mjini Wete, Tatu aliuza njugu karibu na geti. Alichana ukurasa, akausokota, akamimina njugu. Tangu baba yake afariki, mikono ilifanya kazi yenyewe, moyo haukuulizwa. Vitabu alivyoviacha marehemu chini ya kitanda vilikuwa karatasi tu.

"Leo nipe za jiografia," alitania Pandu, mwanafunzi mwenzake. "Za jana zilikuwa za hesabu, kichwa kimeniuma mpaka usiku!"

Tatu hakucheka. Alimpa za jiografia.

Akaja mgeni, Bi Hija, mwanahistoria kutoka Unguja, aliyekuwa akiandika habari za maktaba za visiwani. Alikula njugu mbili tatu, akakunjua karatasi, akaacha kutafuna. Pembeni palikuwa na muhuri wa chumba cha kusomea kilichofunguliwa baada ya Mapinduzi, kisha kikafungwa.

"Mwanangu, hii umeipata wapi?"

"Nimeiokota jaani," Tatu alijibu bila kupepesa. Akisema kweli, mji mzima utamwita baba yake mwizi wa vitabu.

Bi Hija akashusha pumzi. "Basi nitaandika kuwa mtunzaji wa chumba kile cha kusomea, Mzee Msellem, aliviacha vitabu vikatupwa."

"Hakuviacha!" Maneno yalimtoka Tatu yenyewe. "Paa lilivuja. Alivibeba nyumbani kwa baskeli, akavifunika koti lake, mwenyewe akarowa chapa. Ni baba yangu. Miye ndiye ninayevichana."

Wakafuatana nyumbani, wakavitoa vitabu chini ya kitanda. Vingi vilikuwa vizima. Vingine vilibaki majalada.

"Utamwandika mwizi?" Tatu aliuliza.

"Nitaandika kuwa aliviokoa. Na kwamba vingine vilichanwa baada yake. Jina lako sitalitaja, lakini lililotokea sitalificha." Bi Hija akaketi sakafuni kando yake. "Ulidhani uongo utamsitiri baba yako, kumbe ulikuwa unamharibia. Aliyetenda mema husitiriwa na ukweli, hata ukweli huo ukikuumbua wewe."

Tatu akaokota jalada lililofutika maandishi. "Hiki kilikuwa kinasema nini?"

Bi Hija akaligeuza huku na huku. "Sijui, mwanangu. Labda baba yako alijua."

Hapo ndipo Tatu alipolia, kwa mara ya kwanza tangu maziko.