Aliyebisha Hodi Kwenye Simu ya Ndani

Nasri wa Miyuji ni rafiki yangu, na haya hataki kuyasimulia mwenyewe.

Alitaka kuchakachua gemu la magari bila kugusa mfumo wa simu yake, akapakua programu inayotengeneza simu nyingine ndani ya simu, tupu, isiyo na laini wala jina la mtu. Jioni akiwa chumbani peke yake, umeme ukakatika. Kwenye ile simu tupu mwanamke akasema taratibu, "Hodi, wenyewe mpo?"

Kwa mazoea akajibu, "Karibu."

Aliposhtuka aliifuta programu na kuzima simu. Gizani akasikia ndara zikivuliwa, moja, kisha ya pili.

Umeme uliporudi, mlango ulikuwa bado umefungwa kwa komeo. Ndara za kike zilikuwa upande wa ndani.